Una amri ya baraza na mpangaji hatoki: mkubaliane tarehe, umtoe tu, au umtoe na kumkamatia mali?

Watu wengi wa Dar tunadhani kesi ya nyumba inaisha siku mwenyekiti wa baraza anaposoma hukumu. Mama yangu alidhani hivo. Alitoka Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya na karatasi kwenye mkoba, akapitia Feri akanunua samaki, jioni tukala kwa furaha, na miezi mitatu baadae yule mpangaji bado anapika kibarazani kwetu Tabata, asubuhi "shikamoo mama" kama kawaida, kodi hatoi na kutoka hatoki. Karatasi inasema ahame. Yeye yupo.

Ndo nikajifunza kwamba amri haijitekelezi, lazima uirudie tena barazani uombe ikaziwe, na ukifika hapo kila mtu mtaani ana ushauri wake. Mimi sio wakili. Nimefatilia jambo hili kwa mama, nikafatilia tena kwa shangazi mwenye fremu Kariakoo, na nilipokuwa darasa la sita sisi wenyewe tulitolewa vyombo nje Buguruni, godoro likalowa mvua, kwahiyo pande zote mbili nazibeba kichwani. Kama wewe ni mpangaji soma pia, yanakuhusu sana.

Njia za halali nilizoziona ni tatu. Kukubaliana tarehe ya kuhama na kuyapeleka makubaliano barazani. Kumtumia dalali wa baraza, yaani mtu anayeteuliwa na baraza kutekeleza amri, amtoe mtu tu, deni libaki la baadae. Na kumtumia dalali huyo huyo amtoe mtu na kukamata mali kwa ajili ya deni. Kuna ya nne ambayo siilinganishi na chochote: kubadilisha kufuli usiku, kung'oa bati, kukata umeme, kutuma vijana. Hata ukiwa na hukumu mkononi hiyo sio kukazia hukumu, kuvamia kwa nguvu sehemu anayokaa mtu ni kosa la jinai, na mtu uliyemshinda kwa haki anageuka kuwa yeye ndo anakudai wewe.

KABLA HUJACHAGUA, SOMA HIYO KARATASI

Isome taratibu. Je inasema mjibu maombi, yaani huyo mpangaji, ahame na kukabidhi nyumba, au inasema tu alipe malimbikizo ya kodi? Ni vitu viwili tofauti, na kama neno la kuhama halipo dalali hana cha kumtoa nacho, sababu anafata kilichoandikwa na sio ulichokusudia. Kiasi cha deni kimetajwa? Jina ni la huyo anayekaa humo au ni la mdogo wake aliyesaini mkataba alafu akahamia Mwanza? Na wewe unayeomba, jina lako ndo lililoshinda? Kama aliyeshinda alikuwa marehemu baba, atakayeomba kukazia ni msimamizi wa mirathi, sio mtoto mkubwa kwa sababu tu ni mkubwa.

Angalia pia kama hukumu ilikuwa ya upande mmoja, yaani mwenzio hakuja. Hizo anaweza kuomba zitenguliwe akionyesha sababu ya kutofika, kwahiyo zina mguu mmoja nje. Alafu kuna siku 45 za kukata rufaa kwenda Mahakama Kuu. Rufaa peke yake haisimamishi utekelezaji, anatakiwa aombe zuio na lazima aeleze hasara gani kubwa itampata na atoe dhamana, ila wanaojua wanaomba na wengine wanapata, kwahiyo hesabia.

Na kama hujafika hata huko kwenye hukumu, basi umewahi. Tangu sheria ilivyobadilishwa 2021 baraza la kata halitoi hukumu ya mambo ya ardhi na nyumba tena, linapatanisha tu, likishindwa linakuandikia kwamba limeshindwa ndo unaenda baraza la wilaya, na zikipita siku 30 hamna kilichoeleweka unaruhusiwa kuendelea. Watu bado wanazunguka na "hukumu za kata" za juzi juzi wakitafuta dalali, wanapoteza nauli.

NAPIMA KWA NINI

Vitu vitano, na nimevitumia vile vile kwa kila njia. Muda mpaka chumba kiwe kitupu. Hela inayokutoka kabla ya kuingia. Deni linapona kiasi gani. Uwezekano wa kurudishwa barazani. Na watu, yaani watoto waliomo humo, majirani, na wewe utakayebaki unaishi mtaa huo huo. Mwishoni kila njia naweka inamfaa nani. Ila swali linalobeba yote ni moja, ukilijibu kwa ukweli nusu ya kazi imeisha: unataka kipi kwanza, chumba au hela?

NJIA YA KWANZA: MKUBALIANE TAREHE, MAKUBALIANO YAENDE BARAZANI

Inavyokwenda. Mnakaa, mara nyingi kwa mwenyekiti wa serikali ya mtaa au kwa mjumbe, mnaandika tarehe ya kutoka, deni linalipwaje au linasamehewa kiasi gani, bili ya maji nani anamaliza, funguo anapewa nani, na kwamba akipitisha tarehe amri inakaziwa bila kikao kingine. Mnasaini, mashahidi wanasaini. Alafu, na hapa ndo watu wote wanapoanguka, mnapeleka barazani liwekwe kwenye faili la kesi ile ile.

Sisi hatukupeleka. Mama alikubaliana nae kwenye karatasi ya daftari, miezi miwili, na kila mwisho wa mwezi atoe laki moja. Akatoa ya kwanza, mama akamwandikia risiti "kodi ya mwezi wa nne". Mnaona kilichotokea? Mwezi wa sita hajatoka, mama anarudi kuomba kukazia, jamaa anasimama anasema huyu mama alipokea kodi baada ya hukumu, kwahiyo ni upangaji mpya, hukumu ya zamani imekufa. Ilituchukua vikao vitatu kunyoosha neno moja la kwenye risiti. Ukipokea hela baada ya hukumu andika "malipo ya deni la hukumu" na namba ya kesi, neno kodi lisiguse hiyo karatasi.

Na kwa mpangaji ni hatari vile vile au zaidi. Malipo mliyofanyiana nje bila baraza kujulishwa, baraza linalokazia halilazimiki kuyatambua. Mtu amelipa laki nane kwa simu, meseji zote anazo, siku ya dalali karatasi bado inasoma deni zima. Kalipe, alafu nenda kaombe yarekodiwe.

Muda. Ni ule mnaokubaliana, mwezi mmoja, miwili. Kama mtu anatimiza ni njia fupi kuliko zote, kama hatimizi umeongeza miezi juu ya miezi.

Hela. Karibu hamna ya kutoa, karatasi na nauli. Ila ipo usiyoiona. Chukua chumba na sebule cha laki na nusu: miezi miwili ya kumvumilia ni laki tatu hazijaingia, na kwa ilivyo Dar mpangaji mpya angekuja na miezi sita mkononi, laki tisa kwa mpigo. Watu wanafanya hesabu ya dalali anavyokula hela wanasahau hii. Kwa upande mwingine kuna mwenye nyumba anamwambia mpangaji hama Jumamosi hii deni nakusamehea lote na gari nakulipia, jirani wanamcheka, na yeye Jumatatu anapokea laki tisa za mtu mpya.

Deni. Linapona kidogo kidogo au linasamehewa nusu. Hiyo ndo bei ya amani.

Kurudi barazani. Ukiyaweka kwenye faili uwezekano ni mdogo, mmesaini wote. Ukiyaacha kwenye daftari ni mkubwa kama nilivyosimulia.

Watu. Hapa haina mpinzani. Anaondoka na vitu vyake mchana, watoto wanamaliza muhula, na ukikutana nae kwenye daladala mnasalimiana.

Inamfaa nani: mpangaji mwenye kipato ambaye alikwama tu, aliyepoteza kazi na ana ndugu wa kumpokea, mgonjwa, mjane. Na mwenye nyumba anayekaa uwanja mmoja na wapangaji wake. Haimfai mtu ambaye ameshakudanganya tarehe mbili, sababu ya tatu haitakuwa tofauti.

NJIA YA PILI: DALALI WA BARAZA AMTOE TU

Inavyokwenda. Unachukua nakala ya hukumu na amri, unapeleka maombi ya kukazia hukumu kwenye baraza lile lile lililoitoa. Kwa kanuni za mabaraza za 2003, mwenyekiti akipokea anatoa kwanza amri kwamba mdaiwa atekeleze ndani ya siku 14. Zikipita hajatekeleza, na kama hamna zuio, ndo dalali anateuliwa. Nasisitiza, anateuliwa na baraza. Dalali wa nyumba aliyekutafutia mpangaji sio huyu, dalali wa mnada mwenye spika Manzese sio huyu. Akija mtu muulize barua ya uteuzi yenye namba ya kesi yako na kitambulisho, na hela yoyote unayompa idai risiti. Wapo wanaojiita madalali wa baraza, wanapokea hela ya "gari na askari" alafu simu haipatikani.

Siku yenyewe anakuja dalali na vibarua, anamjulisha mwenyekiti wa mtaa au mtendaji, pakiwa na dalili ya fujo anaomba askari kituoni. Vitu vinatolewa kimoja kimoja na vinaandikwa. Wewe usishike hata kikombe. Simama pembeni, piga picha vyumba vikiwa vitupu, weka kufuli jipya, saini makabidhiano, dalali atarudisha ripoti yake barazani. Akirudi kuvunja kufuli baada ya hapo ni mvamizi, unaenda polisi na hiyo ripoti.

Muda. Siku 14 ndo chini kabisa, ongeza foleni ya nakala, kupangiwa tarehe ya maombi, kuitana kwa samansi. Sisi toka kuomba mpaka kufuli jipya ilikuwa zaidi ya miezi miwili, na hapo hamna aliyeomba zuio.

Hela. Inakutoka wewe kwanza: ada ya maombi, dalali, vibarua, gari kama lipo. Unaweza kuja kumdai mshindwa gharama hizo ila siku ile mfukoni ni kwako. Muulize dalali kiasi chote kabla na kiandikwe, sababu "kuna kitu kidogo kimeongezeka" inakuja ukiwa umeshasimama getini huna pa kurudi.

Deni. Halijafa, ndo kitu wengi hawajui. Kumtoa mtu hakufuti sehemu ya hukumu inayosema alipe. Unaweza kurudi baadae ukijua anafanya kazi wapi au ana pikipiki gani. Ila tuseme ukweli, mtu akishahama Tabata kwenda Chanika na kubadili laini, kumpata ni kazi nyingine.

Kurudi barazani. Kati. Kinachorudisha watu sana ni mtu wa tatu: mpangaji alishapangisha chumba cha pili kwa mtu mwingine, siku ya kutolewa yule anasema mimi sijawahi kushtakiwa. Kabla ya kuomba hesabu nani na nani wanalala humo na kila mmoja kaingia kwa nani.

Watu. Ni ngumu, sitaki kulipamba. Nakumbuka mama yangu amekaa juu ya ndoo Buguruni watu wanapita wanatazama, na kilichoniuma zaidi mimi mtoto kilikuwa madaftari kuwa chini kuliko hata godoro. Kwahiyo nilipokuwa upande wa pili nilimwomba dalali mambo mawili, wasije mvua ikinyesha, na vitu vya shule vitoke vya kwanza viwekwe kwa jirani. Alikubali yote. Haikugharimu hata shilingi.

Inamfaa nani: mwenye nyumba anayeishi kwa kodi, ambaye kila mwezi chumba kikiwa na mtu asiyelipa ni ada ya mtoto haipo. Na pale unapoona kabisa humo ndani hamna mali ya kukamatwa.

NJIA YA TATU: DALALI AMTOE NA AKAMATE MALI

Inavyokwenda. Maombi ni yale yale, siku 14 zile zile, ila unaomba vyote viwili na unataja mali za kukamatwa. Dalali anaorodhesha, anachukua, zinatangazwa, zinauzwa kwa mnada, hela inaenda kwenye deni na gharama.

Jua kwanza kisichokamatwa, sababu watu wanaingia na matumaini ya uongo. Sheria ya Mwenendo wa Mashauri ya Madai inalinda nguo za kuvaa za mdaiwa na familia yake, vyombo vya kupikia, vitanda na matandiko, na vifaa vya fundi vya kazi yake. Kwahiyo cherehani ya fundi anayeshona haiendi mnadani, msumeno wa seremala hauendi. Ukitoa hivyo kwenye chumba cha mtu wa kawaida Mbagala kinabaki nini? Televisheni, friji, sabufa, kochi la mtumba. Mnadani vinauzwa kwa bei ya kuumiza, toa gari, toa ghala, toa dalali, deni la milioni mbili linapungua laki mbili. Ndo maana kwa vyumba vya kuishi siipendi sana njia hii, japo nimeona kwa nyumba nzima za Mbezi zenye gari uani ikilipa deni lote.

Kwenye fremu za biashara ni habari nyingine. Shangazi alikuwa anadai fremu ya vitenge mwaka mzima na mzigo ulikuwepo unaonekana. Dalali alipoingia tu, mpangaji akapiga simu mbili, na robo tatu ya deni ikaja siku ile ile, mzigo haukufika hata barabarani. Iliyobaki ndo ilileta kesi, maana akatokea mtu na daftari lake anasema majora ishirini ni yake, alimpa kwa mali kauli, yaani auze kwanza ndo alipe. Akaleta pingamizi barazani, ikabidi lisikilizwe kwanza, na yale majora yakakaa stoo yakila hela ya stoo.

Muda. Kumtoa mtu ni sawa na njia ya pili. Kumaliza deni inategemea mnada na pingamizi, inaweza kuvuta mwaka.

Hela. Ndo kubwa kuliko zote, usafiri, ulinzi, stoo, tangazo. Kama mali zenyewe hazifiki mara mbili ya gharama, binafsi naona unajiongezea hasara.

Deni. Kwenye biashara yenye mzigo au mtu mwenye gari, hapa ndo linapona. Kwa wengine linakwaruzwa tu.

Kurudi barazani. Kubwa. Mke ana risiti ya friji kwa jina la dada yake, kochi ni la mkopo, majora ni ya mali kauli. Kila mwenye mali ana haki ya kusikilizwa, na ni vizuri iwe hivo.

Watu. Uhusiano umeisha. Kwa mfanyabiashara wenzie wanaona, jina limeharibika, na wengine ndo wanalipa kwa kuogopa hilo hilo.

Inamfaa nani: mwenye fremu, ghala, ofisi, nyumba ya kodi kubwa, deni zito na mali inayoonekana kuwa ni ya mdaiwa mwenyewe.

KWA HALI YAKO

Kama una vyumba vinne uani na mwenyewe unakaa cha mbele, na anayedaiwa ni mama mwenye watoto aliyekulipa vizuri miaka mitatu alafu akayumba, anza na ya kwanza, tarehe moja tu, iende kwenye faili. Akikosa hiyo tarehe usijione mkatili kwenda ya pili, ulishampa.

Kama ni kijana mmoja, kazi haijulikani, ameshakutukana na anakwambia "tuonane mahakamani" wakati mahakamani mmetoka, ya pili moja kwa moja na deni lisahau kwa sasa.

Kama siku 45 za rufaa hazijaisha na unasikia ana wakili, maombi peleka, ila usimlipe dalali hela yote mpaka ujue zuio halijaombwa, na mazungumzo ya njia ya kwanza usiyafunge. Wapangaji wengi wenye wakili wanakubali tarehe wakipunguziwa deni.

Kama ni fremu na mzigo upo, ya tatu, ila kabla hujataja mali peleleza nani kampa mzigo. Siku moja ya kukaa pale mtaani kuuliza itakupunguzia miezi ya pingamizi.

Kama amri yako ina kasoro, jina sio, neno la kuhama halipo, usichague chochote kwanza. Nenda kwa msaada wa kisheria, hapa Dar zipo taasisi zinazosaidia bure kama Kituo cha Sheria na Haki za Binadamu na TAWLA (chama cha wanasheria wanawake), wakuangalizie kama inarekebishika.

Na kama wewe ndo mpangaji na samansi ya kukaziwa imefika, usiifiche chini ya godoro. Zile siku 14 ni zako pia. Nenda barazani na pendekezo limeandikwa, tarehe ya kutoka na hela ya kuanzia hata kama ni ndogo, na ushahidi wa kila ulicholipa baada ya hukumu, nenda wiki ya kwanza, maana dalali akishateuliwa mwenye nyumba ameshatoa hela yake na kusikiliza kwake kunakuwa kugumu zaidi.